Vioo vya Nyumba ya Eda

Mambrui, 3 Januari 1985

Leo ni Alhamisi, tarehe tatu Januari, mwaka wa themanini na tano. Umetimia mwaka wa ishirini na moja tangu nilale kwa mara ya mwisho nyumbani kwetu Mvindeni, upande wa Kiunga. Kila daftari jipya hulianza kwa hesabu hii. Singoji kitu. Ni kwamba mtu asiyejua alitoka lini hajui pia amefika wapi.

Kijiji kizima tulihama kwa ajili ya bunduki za mashifta, tukatawanyika. Mimi nilipokewa hapa Mambrui na Aboud, wakati huo kijana asiyenijua mbele wala nyuma. Alinipa chumba cha uani kwa kuwa, alisema, mtaa usio na mtu wa kusoma barua za wenziwe ni mtaa wa viziwi. Alipokuja kuvunja nyumba ya udongo na kujenga hii ya mawe, chumba changu hakukigusa.

Aboud alifariki katikati ya Desemba. Alikuwa akitawadha kwa sala ya adhuhuri, akaketi, hakuinuka tena. Ameacha mke, Kadii, Mgiriama wa Marafa aliyesilimu alipoolewa. Jina lake la Kiislamu ni Halima, na mtaa mzima humwita hivyo, ila mumewe hakulitumia hata siku moja. Alisema yeye alimposa Kadii, huyo Halima hamjui. Nami nitaandika Kadii.

Sasa Kadii yuko edani, miezi minne na siku kumi, asionwe na mwanamume asiye maharimu wake. Tunatenganishwa na ua mdogo tu, lakini tangu mazishi sijamwona hata kivuli. Nyumba hii ina madirisha ya vioo, jambo la nadra huku kwetu kwenye madirisha ya mbao. Aboud alivinunua vioo vikuukuu kutoka hoteli moja ya Bofa ilipokuwa ikitengenezwa upya, akavipunguza mwenyewe viingie katika fremu zake. Nyumba ya eda haiwezi kuwa na macho wazi. Kwa hiyo dada wa marehemu, Bi Mwanasiti, alikuja siku ya tatu ya msiba na mifuko mitupu ya saruji, akaichana, akazibandika karatasi zake kwenye kila kioo kwa ndani, kwa uji mzito wa ngano. Nyuma ya karatasi akatundika kaniki. Nyumba ikafumba macho.

Niandike na hili, nisije nikasahau kwa nini naogopa. Nyumba hii Aboud aliitoa mahari kwa Kadii. Shahidi mmoja alikuwa khatibu, wa pili ni mimi. Mwanasiti analijua hilo, na kwa jinsi anavyozitazama kuta, sidhani linampendeza.

6 Januari

Kaskazi. Joto tangu alfajiri. Sikusoma kitu.

9 Januari

Asubuhi, jua lilipokwisha kuvuka paa la jirani, nilisikia mlio. Tak! Mmoja tu, mkavu, wa karibu. Nilijikuta nimelala kifudifudi sakafuni na miwani yangu imeruka mpaka mlangoni. Miaka yote hii, na mwili bado haujaambiwa kuwa vita vimekwisha.

Nilipotoka, Mwanasiti alikuwa ukumbini anapiga kelele, "Nani amerusha jiwe? Nani?" Hapakuwa na jiwe. Kioo cha dirisha la mashariki kilikuwa na ufa mmoja, umetoka pembeni ukapanda ukijipinda kama njia ya mchwa.

"Mzee Lali, wewe ulikuwa hapo uani. Umeona mtu?"

"Sikuona mtu."

Aliutazama ule ufa kwa kitambo. "Basi si mtu," akasema.

18 Januari

Ijumaa. Kioo cha pili, cha upande wa magharibi. Alasiri, watu wanarudi msikitini. Safari hii sikulala chini, lakini nilitaka.

22 Januari

Jambo la aibu kidogo. Nilipita mbele ya dirisha la chumba cha marehemu nikaona mzee amesimama ndani ananitazama. Nikamsalimu. Alikuwa ni mimi. Kioo kilichozibwa nyuma kwa karatasi ya rangi nzito hugeuka cha kujitazamia. Sasa nimeelewa kwa nini yule jirani yetu, mama anayepita kila asubuhi na ndoo ya maji, anaapa kuwa amemwona Aboud dirishani. Nimemweleza. Akaniuliza, "Mzee, mimi nina ndevu?"



27 Januari

Leo ilikuwa arubaini ya marehemu. Wanaume tulisoma khitma barazani, wanawake walijaa ndani. Tulipofika mwisho, kabla ya dua, kioo cha tatu kikapasuka.

Kimya kilichofuata sijapata kukisikia isipokuwa mara moja, na si katika mji huu. Halafu sauti ya Mwanasiti ikatoka ndani, haikuwa na kelele hata kidogo: "Anabisha."

Wanawake wakaanza. Tuliwasikia kwa kuwa mlango ulikuwa wazi na pazia tu limeshushwa.

"Mtu hubisha akiwa na lake la kusema."

"Mwana wa Kigiriama hakuolewa peke yake. Amekuja na koma zake."

Koma ni wazee wao waliokufa, ambao Wagiriama huwachongea nguzo za vigango na kuwakumbuka. Nikasikia sauti ya Kadii, mara ya kwanza tangu mazishi, imechoka lakini haijavunjika.

"Koma za kwetu zinakaa Marafa, mama zangu. Hazina nauli ya kuja Mambrui. Na Aboud alipokuwa hai hakubisha hodi hata siku moja, alikuwa anaingia tu na viatu. Leo ndiyo amejifunza adabu?"

Mmoja alicheka, akajizuia. Mwanasiti hakucheka.

Jambo limepata jina sasa, na jina likishapatikana halirudi lilikotoka. Kama maiti anabisha, watasema mkewe alimfanya kitu, au anaivunja eda yake. Kwa lolote kati ya hayo mawili atarudishwa Marafa kabla ya wakati wake, na hapo nani atawauliza mashahidi wa mahari walisikia nini? Kadii atapoteza nyumba na jina kwa siku moja.

2 Februari

Nilidhani nyumba inatitia. Nimetundika timazi kwenye kila pembe. Kuta zimenyooka kuliko mimi.

4 Februari

Kabla ya kioo kulia, kuna mkwaruzo mdogo, kama ukucha unaokuna meza. Jana niliusikia nikasimama pale pale na kikombe mkononi. Haukufuatwa na kitu. Nilisimama mpaka chai ikapoa. Sipendi kuandika hili: katika kusimama kule nililisema jina la Aboud, kwa sauti, kama mtu anayeuliza.

7 Februari

Nilikwenda Malindi kwa Kioko, fundi wa vioo, Mkamba wa Kitui mwenye duka nyuma ya soko. Mikono yake ina makovu mengi na mdomo wake hauna pumziko.

"Mzee Lali! Bado unakula vitabu?"

"Bado. Nimekuja na swali."

"Maswali bure, vioo pesa. Keti."

Nikampa kipande cha kioo cha kwanza, ambacho Mwanasiti alikitupa jaani. Hakutazama ufa. Alipitisha kidole gumba kwenye ukingo wa zamani, ule uliokuwa umefichwa ndani ya mbao.

"Hiki kilikatwa na nani?"

"Mwenye nyumba. Marehemu."

"Mungu amlaze pema, lakini alikata kama mtu anayetafuna muwa. Kalamu ya almasi hukuachia ukingo laini. Huyu alibana kwa koleo. Gusa. Meno matupu." Akanionyesha. Ufa ulikuwa umeanzia kwenye jino moja, ukatoka wima kabisa kwenye ukingo, kisha ndipo ukaanza kujipinda. "Kioo kilichopigwa jiwe hupasuka nyota, kama utando wa buibui. Hiki hakuna mtu amekipiga."

"Lakini kimekaa miaka mizima bila kupasuka."

"Kilikuwa kinangoja, mzee. Sasa uniambie wewe, ni nini kipya hapo dirishani?"

Nikamwambia juu ya eda, karatasi za saruji na kaniki. Akakiweka kile kipande mezani, akasema, "Mambo ya eda mimi sijui. Lakini hiyo karatasi, na jua la mwezi huu? Kioo kinapikwa."

Nilirudi nikitembea kwa furaha ya mtu aliyepewa nusu ya pili ya kitu alichokuwa na nusu yake. Kitu kikipata moto hutanuka, hilo nililisoma ujanani. Kioo kitupu hupitisha jua, joto halikai. Kikibandikwa karatasi nzito hulikamata, na kaniki iliyokigusa nyuma hulizuia lisitoke. Katikati kinaungua, ilhali kando, palipozama ndani ya mbao na ile puti ya kushikizia, pamebaki na baridi ya usiku. Katikati inataka kutanuka, kando haitaki, basi kando inavutwa. Na kioo hustahimili kubanwa, hakistahimili kuvutwa. Penye jino ndipo kinapoachia. Ndiyo maana madirisha ya mashariki hulia asubuhi na ya magharibi hulia alasiri. Aboud habishi. Aboud alikata vibaya tu, na dada yake akabandika vizuri mno.

12 Februari

Nilitaka uhakika. Asubuhi nilikwenda kwenye dirisha la chumba cha kulala nikaweka kiganja juu ya kioo. Katikati sikuweza kukishika. Pembeni, karibu na mbao, palikuwa baridi kama mtungi.

"Ni nani hapo?" Sauti ya Kadii, nyuma ya karatasi, karibu kuliko nilivyotarajia.

"Ni mimi Lali, mwanangu. Niwie radhi. Napima joto."

"La nani?"

"La kioo."

Nikamweleza kwa ufupi.

"Ni kama bilauri ya chai? Ukimimina chai ya moto bila kutia kijiko kwanza, inapasuka?"

"Ni hivyo hivyo."

"Bi Mwanasiti mwenyewe ndiye aliyenifundisha kutia kijiko. Nilipoolewa nilimvunjia bilauri mbili." Nilisikia kama anatabasamu. "Basi kamwambie."

"Atanisikiliza?"

"Wewe ni mwanamume na una miwani. Mimi nina koma."

Nilipogeuka, yule mama wa ndoo alikuwa amesimama njiani. Kiganja changu kilikuwa bado kwenye kioo.

"Shikamoo, Mzee Lali," akasema, polepole mno.

15 Februari

Joto. Nilimwendea Mwanasiti, akasema ana kazi.

20 Februari

Nitaandika kwa utaratibu, ingawa mkono hautaki.

Mwanasiti alimleta mwalimu mmoja kutoka mbali, mtu mpole, kuja kuitoa nyumba uovu. Aliandika kombe kwa zafarani kwenye sahani nyeupe, akaliosha kwa maji ya mtungi yaliyolala nje, akatoka nayo bakulini adhuhuri kamili, aya midomoni, kuyanyunyiza madirishani. Watu walijaa uani.

Nilimkaribia. "Mwalimu, tafadhali, tungoje jua lipoe."

"Mzee wangu, shetani hangoji kivuli."

Maji yalipogusa kioo cha dirisha la tano alilolifikia, kilipasuka toka juu mpaka chini. Wanawake walipiga yowe. Mwalimu mwenyewe aliangusha bakuli.

Maneno ya Mungu hayana kosa, na ulimi wangu ukauke nikisema vinginevyo. Kosa ni la maji ya mtungini juu ya kioo kilichopikwa. Nilijaribu kulisema hilo, nikapandisha sauti ambayo sijaipandisha tangu nilipokuwa kijana. Ndipo yule mama wa ndoo akasema, bila kunitazama:

"Vioo vya nyumba hii haviguswi na maiti peke yake. Hata walio hai wanavigusa."

Ua mzima ukageuka kunitazama. Sikuwa nimefikiri. Katika kutafuta kumwondolea mwanamke yule tuhuma moja, nimempa nyingine, na hii ina kiganja na shahidi.

23 Februari

Amekuja Kambi, kaka yake Kadii, kutoka Marafa. Yeye ni maharimu wake, aliingia moja kwa moja. Alipotoka alikuja chumbani kwangu akaketi kwenye kizingiti.

"Shikamoo, mzee. Habari zimefika mpaka kwetu. Nimchukue?"

"Akitoka leo, nyumba hairudii."

"Ndivyo alivyosema yeye. Amesema nikwambie hivi: amezika mume, hajazika nyumba." Akacheka kwa uchungu. "Kwetu wanaofukuzwa kwa maneno ya uchawi ni wazee wenye mvi. Naona huku mmebadilisha, mnaanza na vijana."

Nilimwomba akae wiki mbili. Amekubali.

1 Machi

Nilikwenda kwa khatibu baada ya sala, nikachukua kandili yangu.

"Hii ikiwaka," nikamwambia, "tone moja la maji likiruka kwenye chemni hii ya kioo, kunatokea nini?"

"Inapasuka. Hilo hata mtoto wa jikoni analijua."

"Basi hata mtoto wa jikoni anajua kilichotokea adhuhuri ile."

Aliizungushazungusha ile chemni mikononi. Ni mtu wa hadhari, na nilikuwa nikimwona mwoga. Leo nimeona ni hadhari kweli. Aliniuliza kila kitu mara mbili, pamoja na habari ya kiganja, nikamjibu kama ilivyokuwa. Mwisho akasema, "Sheria inataka asionwe. Haikutaja mifuko ya saruji. Unataka nini badala yake?"

Nikamwambia. Karatasi ziloweshwe zitolewe, asubuhi mapema kioo kikiwa baridi. Kaniki isogezwe ndani, pawe na nafasi ya mkono kati yake na kioo, na juu paachwe wazi hewa ipite. Kisha majamvi yatundikwe kwa nje, yalizuie jua kabla halijakifikia kioo. Jamvi linaficha kuliko karatasi, na halipiki kitu. Maji yasiguse kioo cha moto. Siku vitakapotiwa vioo vipya, ukingo usuguliwe kwa jiwe mpaka uwe laini, na fremu iachwe kubwa kidogo, kioo kipate pa kujinyoosha.

"Kujinyoosha," akarudia khatibu, akatikisa kichwa. "Haya. Nitazungumza na Mwanasiti."

4 Machi

Kambi kwa ndani, mimi kwa nje, tumevishughulikia vioo vilivyobaki. Mwanasiti alisimama na mikono kifuani akatuacha tufanye. Tulipofika dirisha la mwisho, la ubavuni mwa chumba cha marehemu, lile linalotazama kichochoro, akaja haraka.

"Hili liacheni."

"Kwa nini, Bi Mwanasiti? Hili ndilo linalopigwa na jua kuliko yote."

"Liacheni, nimesema. Na karatasi yake na kila kitu."

Nimeelewa. Anataka abaki na dirisha moja la kupasuka, apate ushahidi juu ya mkaza ndugu yake. Nimeandika hapa neno kumhusu ambalo sikulifuta. Libaki, nilione.

9 Machi

Hakuna mlio.

13 Machi

Hakuna mlio. Joto la kuvunja mawe. Kambi amerudi Marafa kupanda, ingawa hakuna dalili ya mvua.

17 Machi

Hakuna. Nakaa nikisikiliza kama mtu anayengoja mgeni. Ni ajabu: nimethibitisha kwa hesabu kwamba hakuna mtu nje ya dirisha, na bado jioni nikipita kwenye kile kichochoro naharakisha.

21 Machi

Kimepasuka. Kile kimoja kilichoachwa na karatasi yake. Vyenye majamvi ni vizima, vyote.

Niliinuka kwa furaha, na nataka furaha hiyo iandikwe, kwa sababu ilinichukua mbio mpaka kichochoroni bila kuvaa viatu. Nilitaka kuona ufa unaanzia wapi.

Mwanasiti alikuwa ameketi chini ya dirisha, mgongo ukutani, kwenye kijikao cha mbuzi ya kukunia nazi. Mbele yake kulikuwa na dele la kahawa na vikombe viwili. Kimoja kilikuwa kimejaa, hakijaguswa. Alikuwa akizungumza, kwa sauti ya chini, ya kawaida, kama watu wanaozungumza kila siku.

"...na mkeo anakula sasa, usiwe na wasiwasi. Jana nilimpikia mkate wa sinia. Mkaidi, lakini anakula."

Aliponiona hakushtuka. Uso wake ulikuwa umefunguka kama wa msichana.

"Umemsikia, Mzee Lali? Siku zote hizi nakuja naongea peke yangu. Leo amejibu."

Mtu mwenye akili angekaa, akapokea kikombe. Mimi nilikuwa na ushahidi mkononi, na ushahidi humfanya mtu kiziwi. Nilimwonyesha ufa ulipoanzia. Nilimwonyesha jua, karatasi, ukingo, vioo vingine vilivyo salama. Nilisema yote kwa mpangilio, kama darasani. Nilipofika mwisho nikamtazama, nikaona ameelewa kila neno. Mwanasiti si mjinga, hajapata kuwa.

Aliinua kile kikombe kilichojaa akakimwaga mchangani.

"Mama alikufa nikiwa na miaka tisa, yeye ana miwili," akasema. "Nilimbeba mgongoni mpaka akajua kukimbia. Alipokufa sikuwepo, nilikuwa Gongoni harusini. Nilikuwa nacheza." Akaifunga leso yake upya. "Umeniulia ndugu yangu mara ya pili, Mzee Lali. Na mara hii nilikuwepo."

Nilijua nimesema kweli, na nilitamani kwa moyo wangu wote niwe nimekosea.

23 Machi

Leo baada ya alasiri Mwanasiti alimwita khatibu na majirani barazani. Akasema, akiwa amesimama, "Vioo vimevunjwa na jua. Karatasi nilizibandika mimi, kwa mikono yangu. Halima hana lake wala koma zake hazina lao. Atakayelirudia jambo hili anirudie mimi kwanza." Yule mama wa ndoo alikuwepo. Aliitazama ndoo.

Walipotawanyika akaja kwangu.

"Nimesema ulilotaka."

"Mungu akulipe."

"Sasa na mimi nina langu. Uondoke." Alilisema bila hasira. "Kila nikikuona nasikia kile kioo. Hilo ni langu, ningelivumilia. Lakini ulimi wa yule jirani siwezi kuubandika karatasi. Eda ikiisha na wewe umo humu uani, watasema mkono ule ulikuwa na haki yake pale dirishani. Watasema mlikuwa mnangoja siku zihesabiwe. Ukienda, maneno hayana pa kukaa."

"Nitakwenda. Nitakuja tu kuwasalimu siku za Idi."

"Hapana. Salamu moja, na yote yanafufuka. Unazijua habari za watu wa mji mdogo, umekaa humu miaka yote. Ukienda umekwenda."

Nilitafuta kosa katika hoja yake kama nilivyolitafuta kwenye kuta kwa timazi. Imenyooka.

30 Machi

Mzigo wangu ni vitabu na mkeka. Nilipita mbele ya dirisha la ukumbi, nikasimama mbali nalo, mikono nyuma.

"Mzee Lali," Kadii akasema kutoka nyuma ya jamvi. "Unaondoka bila kuaga?"

"Naaga sasa, mwanangu."

"Eda yangu inakaribia kuisha. Nitatoka, nitataka kukuona uso. Sijauona tangu Aboud afe. Utakuja?"

"Mungu akipenda."

"Hilo ni jibu la watu wasiokuja," akasema.

Kilifi, 14 Aprili

Nimepanga chumba kwa Jedida, Mtaita, mjane, mpishi mstaafu. Mvua ilianza jana, kubwa, ya kulipa deni la mwezi mzima. Dirisha langu ni la mbao. Hata hivyo asubuhi, saa ambayo jua lingekuwa limevuka paa la jirani, mwili unasimama na kungoja. Jedida ameniuliza nasikiliza nini. Nilisema mvua.

20 Aprili

Mvua.

27 Aprili

Kwa hesabu yangu eda imekwisha. Atakuwa ameoga, amevaa nguo ya rangi, amefungua mlango wa mbele mwenyewe. Nilikaa siku nzima bila kusoma.

Kilifi, 5 Mei

Kioko amepita. Ana kazi ya vioo huko Bofa wiki hii, akatafuta nyumba mpaka akanipata.

"Mzee! Umekimbia hata kaburi la rafiki yako?"

Amekunywa chai ya Jedida vikombe vitatu akanipa habari. Kadii yuko katika nyumba yake. Khatibu alitangaza mahari msikitini, na hakuna aliyefungua kinywa. Amemwita Kioko kutia vioo vipya, na ametia kama inavyopasa: ukingo umesuguliwa, nafasi imeachwa pande zote, vijipande vya mpira chini ya kila kioo. Yule mama wa ndoo sasa huingia uani kuchota maji kwenye tangi la Kadii. Hakuna anayetaja koma.

"Vyote umevitia?"

"Vyote isipokuwa kimoja. Kile cha kichochoroni. Yule dada mtu alinizuia, akasema kiachwe na ufa wake. Mimi nikamwambia, mama, kitadondoka siku moja kikukate. Akasema nifanye kazi niliyoitiwa. Mwenye nyumba naye akaniambia, Kioko, muachie. Asubuhi anakwenda kukaa pale na kahawa yake. Siku hizi wanakaa wawili, yeye na huyo Kadii."

"Wanazungumza?"

"Nani anajua? Niliwakuta kimya. Na kikombe cha tatu kimejaa." Kioko alijikuna shingo. "Mimi nimetia vioo miaka mingi, mzee, siogopi kitu. Lakini pale nilipita mbio."

Kabla ya kuondoka alikumbuka. "Kadii amesema nikwambie chumba chako kimefagiwa. Kesho kutwa narudi Malindi na nafasi ya gari ipo. Twende."

Nimemwambia awasalimu wote wawili, na kile chumba kipewe mtu mwingine. Hoja ya Mwanasiti bado imenyooka: Mambrui sitarudi.